Fuata hewa, usifuate ramani: kwa nini pwani, mlima na jangwa la nyanda za juu havifanani

MFUATA UPEPO (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Naomba tukae kidogo na jambo ambalo limenishughulisha miaka mingi. Inakuwaje sehemu tatu unazoweza kuzipita zote kwa gari kabla jua halijazama ziwe na tabianchi zisizojuana kabisa? Pwani kuna ukungu na ubaridi wa majimaji. Ukipanda mlimani unakuta theluji. Ukiteremka upande wa pili unaingia nchi kavu, mchana jua linachoma, usiku maji yanaganda kwenye ndoo.

Shuleni tulipewa majibu mawili: umbali kutoka ikweta na urefu kutoka usawa wa bahari. Ni kweli, ila hayatoshi. New York na Lisbon zimekaribiana sana kwa latitudo, na zote zimekaa ukingoni mwa Atlantiki ileile. Wastani wa Januari New York unacheza karibu na nyuzi sifuri, wakati Lisbon ni nyuzi 11 hivi. Hapo ikweta haisaidii na mwinuko hausaidii. Kinachosaidia ni kujua kwamba katika latitudo hizo upepo mkuu hutoka magharibi. Lisbon inapokea hewa iliyokaa juu ya bahari, New York inapokea hewa iliyolala juu ya bara lililoganda. Kwenye ramani zote mbili ni pwani. Kwa upande wa hewa, Lisbon peke yake ndiyo pwani.

Kwa hiyo hoja yangu ni hii: ukitaka kuijua tabianchi ya mahali, uliza hewa yake imetoka wapi na imepoteza nini njiani.

Twendeni Oregon, kaskazini-magharibi mwa Marekani, kwa sababu pale vyote vitatu vimejipanga kama shanga kwenye uzi. Hewa inaingia kutoka Pasifiki. Astoria, mji ulio mdomoni mwa mto Columbia, unapata mvua ya karibu milimita 1,700 kwa mwaka. Mashariki zaidi inasimama milima ya Cascade, na pale Crater Lake theluji inayoanguka kwa mwaka, ukiijumlisha, inapita mita 10. Vuka mlima ushuke hadi Bend, mji ulio mita 1,100 hivi juu ya usawa wa bahari: mvua na theluji yote ya mwaka ikiyeyushwa haifiki milimita 300. Hilo ndilo jangwa la nyanda za juu. Liko juu, ni kavu, na hewa yake ni ileile iliyopita Astoria.

Tufanye hesabu ndogo, na namba hizi nimezichagua ziwe rahisi. Hewa iko usawa wa bahari, nyuzi 20. Upepo unaisukuma kupanda. Wakati haijashiba mvuke inapoa takriban nyuzi 10 kwa kila mita 1,000, kwa hiyo ikifika mita 1,000 ina nyuzi 10, na tuseme hapo ndipo wingu linaanza. Kuanzia hapo mvuke unageuka matone, na kugeuka huko kunatoa joto lililokuwa limejificha ndani ya mvuke. Hewa inaendelea kupoa, lakini polepole, tuseme nyuzi 6 kwa kila mita 1,000. Kileleni, mita 3,000, iko nyuzi 2 chini ya sifuri, na karibu nusu ya maji iliyoyabeba imeyamwaga mlimani.

Sasa inashuka. Wingu limekwisha, hakuna matone ya kula joto lake, basi inapata joto kwa ile kasi ya mwanzo ya nyuzi 10. Ikifika mita 1,000 upande wa pili ina nyuzi 18. Tazameni: mwinuko uleule na hewa ileile, upande mmoja nyuzi 10 na mawingu yanadondosha, upande mwingine nyuzi 18 na unyevu wa hewa umeshuka hadi kama theluthi moja ya kile inachoweza kubeba. Mlima umechukua maji, ukaacha joto. Hicho ndicho kinachoitwa kivuli cha mvua.

Karibuni tujadili.


JABALI LA KUSINI

Mkuu, uzi mzuri, ila naomba nisaidiwe mwanzo kabisa. Umesema hewa ikipanda inapoa, na wote mnakubali kama jambo la kawaida. Mimi linanitatiza tangu utotoni. Mlimani ndiko karibu na jua. Kwa nini kuwe na baridi?


MFUATA UPEPO

Swali la haki kabisa, na wengi wanaona haya kuliuliza.

Ule ukaribu na jua hauna uzito wowote. Jua liko kilomita milioni 150 kutoka hapa. Kupanda kilomita 3 hakupunguzi kitu cha maana. Halafu hewa haipati joto lake kwa kiasi kikubwa moja kwa moja kutoka kwa jua. Jua linapasha ardhi na maji, na ardhi na maji ndivyo vinavyopasha hewa kutoka chini.

Jambo kubwa ni mgandamizo. Hewa ya chini inabeba uzito wa hewa yote iliyo juu yake. Kwenye mita 3,000 mgandamizo umebaki kama asilimia 70 ya ule wa pwani. Hewa inayopanda inakuta imelegezwa, inatanuka, na kutanuka ni kazi. Nguvu ya kazi hiyo inaitoa kwenye joto lake yenyewe. Ikishuka inabanwa, na ile nguvu inarudi kama joto. Shika pampu ya baiskeli, pampu kwa haraka mara ishirini, halafu gusa sehemu ya chini ya mrija. Ni ya moto. Umeibana hewa, basi.

Nikueleze nilichokiona kwa macho. Nilikuwa kwenye njia ya mlima, juu sana, nikamaliza maji ya chupa ya plastiki, nikakaza kifuniko nikaitupia mkobani. Nikashuka. Jioni nikiwa bondeni nikafungua mkoba kutafuta soksi, nikaikuta chupa imebonyea ubavu mzima, kuta zake mbili zimegusana katikati kama iliyofinywa na mkono wa mtu. Haikuwa imegongwa na chochote. Nilipolegeza kifuniko ikavuta pumzi, fyuu, ikarudi kuwa nene. Ile hewa ya juu niliyoifungia ndani ilikuwa imeshindwa kusimama mbele ya hewa ya chini. Tangu siku hiyo neno "mgandamizo" kwangu si neno la kitabuni tena.


JABALI LA KUSINI

Asante sana mkuu. Miaka yote hii, na ilikuwa imekaa kwenye pampu ya baiskeli.


BI UKUNGU

Naheshimu hoja ya mwanzisha uzi lakini nataka kuibana kidogo. Ukisoma bandiko la kwanza haraka unaweza kuondoka ukidhani bahari ni mvua na upande wa nyuma wa mlima ni ukavu. Kuna pwani kavu kuliko majangwa mengi ya bara.

Arica, kaskazini mwa Chile, iko ufukweni kabisa. Pasifiki unaisikia ikipiga. Shirika la Hali ya Hewa Duniani linautambua mji huo kwa rekodi ya kipindi kirefu zaidi bila mvua kuwahi kupimwa: miezi 173, kuanzia Oktoba 1903 hadi Januari 1918. Zaidi ya miaka 14, na bahari iko mlangoni.

Sababu ni aina ya bahari yenyewe. Mkondo wa Humboldt unaleta maji baridi kutoka kusini, na upepo unaosukuma maji ya juu mbali na pwani unayafanya maji ya chini, baridi zaidi, yapande kushika nafasi. Hewa inayogusa maji hayo inapoa, na hewa baridi ni nzito, inakaa chini. Juu yake kuna hewa ya joto inayoshuka kutoka angani, kama ilivyo kawaida katika latitudo hizo. Basi unapata baridi chini, joto juu, kama sufuria iliyofunikwa. Mvuke upo, lakini kifuniko kinaukataza kupanda, na bila kupanda hakuna mvua. Na mvuke wa upande wa Amazon? Huo unazuiwa na milima ya Andes. Atacama, jangwa la eneo hilo, imebanwa kotekote.

Kinachobaki ni ukungu. Wenyeji wanauita camanchaca. Na hapa ndipo napapenda, kwa sababu ukungu unaonyesha wazi kwamba maji hayajakosekana, yamekosa tu namna ya kuanguka. Mwaka 1992 kijiji cha wavuvi cha Chungungo, Chile, kilianza kupata maji kutokana na neti zilizotundikwa kwenye mlima wa El Tofo. Neti ya plastiki, nguzo mbili, mfereji chini. Ukungu unapita kwenye matundu, chembe zake zinashika kwenye nyuzi, chembe mbili zinakutana zinakuwa tone, tone linazidi uzito, linachuruzika. Ukisimama karibu na neti ya namna hiyo asubuhi, husikii mvua. Unasikia tu ile ti, ti, ti ya matone kwenye mfereji, na mashavu yako yamelowa bila kujua yalilowa saa ngapi.

Kwenye jangwa la Namib, ambako mkondo wa Benguela unafanya kazi ileile, kuna mbawakawa anayepanda juu ya tuta la mchanga alfajiri, anageukia upande ukungu unakotoka, anainua nyuma na kuinamisha kichwa. Ukungu unashika mgongoni, unakuwa tone, unateremka hadi mdomoni. Kiumbe kidogo kiasi kile kimeielewa tabianchi ya pwani kuliko ramani nyingi za rangi.

Mfuata Upepo, hoja yako naikubali ila iongezewe: uliza hewa imetoka wapi, imepoteza nini njiani, na imelala juu ya maji ya namna gani.


MFUATA UPEPO

Dada, nimeipokea kwa mikono miwili, na nakiri bandiko langu lilikuwa na pengo hapo. Niongeze mfano mmoja unaotoka kwenye fundisho lako.

San Francisco, Julai, kiangazi kimekolea: wastani wa joto la juu la mchana haufiki nyuzi 20. Sacramento, kilomita kama 120 kuelekea bara, siku ileile ni 33. Maji baridi ya mkondo wa California yanatengeneza ukungu. Bara linapata moto, hewa yake inainuka, nafasi inavuta hewa ya bahari kupitia mlango wa ghuba. Kadiri bara linavyowaka ndivyo pwani inavyovutiwa ukungu. Joto la ndani ndilo linalowapoza watu wa pwani! Na mwezi wenye joto zaidi San Francisco huwa Septemba, wakati bara limeanza kutulia.

Maji nayo ni mazito wa kubadilika. Ili maji yapande nyuzi moja yanahitaji joto mara nne au tano ya lile linalohitajiwa na mchanga mkavu wenye uzito uleule, halafu mawimbi yanalisambaza joto hilo hadi chini. Mchanga unawaka vidole viwili vya juu tu. Chimba kidogo na mkono, ni baridi.


KIPIMAJOTO

Wakuu, mimi sina nadharia, nina kilio.

Nilihamia eneo la nyanda za juu, kavu, mwinuko unapita mita 1,200. Nilijua kwamba juu ni baridi kuliko chini, kila mtu anajua. Kwa hiyo nilipopewa nafasi ya kuchagua sehemu ya bustani, mteremkoni au bondeni, nikachagua bondeni. Udongo mzuri, umejikinga na upepo, na ni chini, kwa hiyo nikaamini ni joto zaidi. Aliyenishauri naye alinihakikishia hivyohivyo.

Miche ya nyanya 60. Mchana wa siku ile nilifanya kazi nimevua shati. Asubuhi nikatoka nikakuta majani yamekuwa meusi, yamelainika kama mchicha uliochemshwa, na kwenye nyasi kuna sakitu nyeupe, ule unyevu ulioganda usiku. Mche mmoja mmoja nikaugusa. Yote. Jirani aliye mteremkoni, mita 40 hivi juu yangu, hakupoteza hata mmoja.

Naomba mnieleze. Nimekosea wapi?


MFUATA UPEPO

Pole sana ndugu yangu. Miche 60 si jambo la kusikia tu na kupita.

Hujakosea kwa ujinga. Ile kanuni ya "juu ni baridi" ni ya wastani, na ni ya hewa iliyochanganyika. Usiku wa jangwa la juu haufuati kanuni hiyo.

Mvuke wa maji angani ndio blanketi la ardhi. Ardhi inatoa joto lake kuelekea angani usiku kucha, na mvuke na mawingu hulishika na kulirudisha sehemu yake. Pwani blanketi ni nene. Kwenye jangwa la juu hewa ni kavu, mawingu hakuna, tena hewa yenyewe ni nyepesi kwa sababu ya mwinuko. Joto linaondoka bila kizuizi. Ndiyo maana Bend mwezi Julai mchana hupanda hadi nyuzi 28 na usiku ikashuka hadi 8 au 9, wakati Astoria pwani ni 20 mchana na 12 usiku. Tofauti ya usiku na mchana Astoria ni nyuzi 8, Bend ni 20. Kuna sehemu za katikati ya Oregon ambako sakitu inaweza kuanguka mwezi wowote wa mwaka, Julai ikiwemo.

Sasa bondeni. Usiku usio na upepo, ardhi inapoa na kuipoza hewa inayoigusa. Hewa hiyo inakuwa nzito, inateremka mteremko taratibu kama maji, inajikusanya kwenye bonde na kutuama. Bonde lako lilikuwa bakuli, na bakuli lilijazwa baridi. Jirani yako alikuwa juu ya ukingo wa bakuli.

Mfano mkali kabisa ni Peter Sinks, Utah, Marekani. Ni bonde lisilo na njia ya kutokea, mwinuko wake mita 2,500 hivi. Tarehe 1 Februari 1985 ilipimwa hapo nyuzi 56.3 chini ya sifuri. Chini kabisa ya bonde hilo miti haioti; miti inaanza ukipanda ukingoni. Mstari wa miti uko kichwa chini. Kwenye milima mingine miti huisha ukienda juu, pale huisha ukienda chini.

Fanya hivi kabla hujapanda tena. Nunua vipimajoto viwili vya bei nafuu vya aina moja. Viweke pamoja siku moja uone kama vinasoma sawa. Halafu kimoja kitundike bustanini, kingine mteremkoni kwa jirani, urefu uleule kutoka ardhini, kivulini. Visome kabla jua halijatoka, usiku usio na mawingu. Utuletee namba hapa.


KIPIMAJOTO

Nitafanya. Asante kwa kunijibu kama mtu.


MZEE WA NJIA

Nimesoma yote kimya. Acha niwape jambo la macho, kwa watu wasiopenda namba.

Niliwahi kuvuka hiyo Cascade kutoka magharibi kwenda mashariki. Mwanzo msitu ni wa giza. Miti mirefu ya aina ya Douglas, kuvumwani imening'inia kwenye matawi kama ndevu, ardhi haionekani kwa majani ya jimbi, na kila kitu kimelowa hata pasipo mvua. Juu kwenye pito kulikuwa na mabaka ya theluji chafu kandokando ya barabara. Halafu gari likaanza kuteremka, na ndani ya dakika zisizozidi 30 miti ikaanza kuachana mbali. Ghafla mwanga ukaingia. Misonobari ya ponderosa, magome yake ya rangi ya chungwa, na chini yake nyasi kavu tu, unaweza kupita kati ya mti na mti ukinyoosha mikono. Tukashuka zaidi: mireteni mifupi iliyopinda, kila mmoja na eneo lake. Kisha hata hiyo ikaisha, ikabaki vichaka vya rangi ya majivu vinavyonukia dawa ukivisugua kwa kidole.

Kilichonishika ni ile nafasi kati ya miti. Kila mti unahitaji maji ya eneo fulani, na maji yakipungua mti unasukuma wenzake mbali. Nilikuwa napima mvua kwa hatua za miguu.

Nikasimamisha gari, nikashuka. Midomo ilikuwa imeanza kukauka. Jua lilikuwa linauma kuliko la pwani ingawa hewa ilikuwa baridi kidogo. Baadaye nikajua kwamba mionzi ile inayounguza ngozi huongezeka kwa kama asilimia 10 kwa kila mita 1,000 unazopanda. Wasafiri wengi hudanganywa na hilo: hawasikii joto, wanaungua.


KIVULI CHA MVUA

Swali kwa wajuzi. Mnaizungumzia hewa kama abiria wa njia moja: bahari, mlima, jangwa. Haiwahi kurudi nyuma? Jangwa la juu halijibu?


BI UKUNGU

Hujibu, na hujibu kwa ukali.

Kusini mwa California kuna pepo zinaitwa Santa Ana. Vuli ikiingia, hewa baridi nzito inajikusanya juu ya Bonde Kuu, lile eneo la jangwa la juu la Nevada na Utah, ambalo sehemu kubwa iko juu ya mita 1,000. Ikilemea, inamwagika kuelekea baharini kupitia mapito ya milima. Kumbuka hesabu ya pampu: kila mita 1,000 inayoshuka inapata nyuzi 10. Hewa iliyoondoka baridi inafika Los Angeles ya moto, kavu kupindukia, inaenda kwa kasi. Hizo ndizo siku za moto mbaya wa vichaka. Kwa siku kadhaa pwani inakuwa jangwa, kwa sababu hewa yake imetoka jangwani. Hapo hoja ya mwanzisha uzi inasimama imara kuliko mahali pengine popote.

Na kasi ya mageuzi? Spearfish, South Dakota, tarehe 22 Januari 1943. Upepo wa kushuka mlimani uitwao Chinook uliingia asubuhi, joto likatoka nyuzi 20 chini ya sifuri hadi nyuzi 7 juu ya sifuri kwa dakika mbili. Baadaye asubuhi hiyohiyo likaporomoka tena, na vioo vya madirisha vikapasuka.


KIVULI CHA MVUA

Dakika mbili. Nimesoma mara tatu kuhakikisha.


MTAFITI WA ZAMANI

Mimi naomba kuutetea mwinuko, maana naona unaanza kudharauliwa.

Alexander von Humboldt, mwaka 1802, alipanda Chimborazo, Ecuador, karibu mita 5,900 juu. Hakufika kileleni. Lakini njiani aliandika mimea na joto kila alipofika, akaona kwamba kupanda mlima mmoja wa tropiki ni kama kusafiri kutoka ikweta hadi karibu na ncha ya dunia: mitende chini, misitu ya ukungu, nyasi, kuvumwani juu ya mawe, theluji. Mwaka 1807 alichapisha ile picha maarufu ya mlima uliokatwa ubavu, majina ya mimea yakiwa kwenye mwinuko wake. Wastani wa kupoa ni nyuzi 6.5 kwa kila mita 1,000. Mlima hauhitaji upepo kutoka mahali fulani ili uwe baridi.

Pamoja na hayo nakubali kwamba mwinuko hautoshi. Himalaya na vilima vilivyo kusini mwake ni mashahidi. Mawsynram, kaskazini-mashariki mwa India, iko mwinuko wa mita 1,400 hivi na inapata wastani wa milimita zipatazo 11,870 kwa mwaka, kwa sababu ni ukuta wa kwanza ambao hewa ya Ghuba ya Bengali inaugonga. Leh, mji wa Ladakh kaskazini mwa India, iko mita 3,500, nyuma ya kuta zote, na inapata milimita 100 tu hivi. Mwinuko unakuambia joto kwa makadirio. Kuhusu maji, mwinuko peke yake haukuambii chochote.

Na kuna jambo mmeliruka. Mnasema mlima unalinyima jangwa mvua. Ni kweli, lakini unaweka akiba. Mto Deschutes unaopita katikati ya Bend unaanzia kwenye Cascade, na maji yake ni theluji ya mlima ule ule ulioizuia mvua. Leh nayo inaishi kwa maji ya theluji na barafu. Maji ambayo hewa haikuyafikisha yanafika kwa ardhi, yamechelewa miezi. Ndiyo sababu joto la dunia linapopanda, watu wa jangwa la juu wanaumia kwa namna ya pekee. Si lazima mvua ipungue. Inatosha theluji igeuke mvua. Mvua inakimbia mara moja majira ya baridi, na kiangazi mto unabaki mawe. Kule Ladakh mhandisi Sonam Wangchuk alianza mwaka 2013 kujenga vichuguu vya barafu: maji ya majira ya baridi yanapandishwa kwa bomba na kurushwa hewani usiku, yanaganda yakiwa umbo la pia lililoelekea juu, halafu yanayeyuka polepole wakati wa kupanda mazao. Watu wamelazimika kujenga mlima mdogo wa akiba kwa mikono.


MFUATA UPEPO

Mtafiti, nashukuru. Nilikuwa nafuata hewa tu, nikasahau kwamba maji yanaachana na hewa mlimani na kila kimoja kinashika njia yake. Hapo kwenye theluji kugeuka mvua mimi huwa silali vizuri. Mtu wa jangwani anaweza kupimiwa mvua ileile ya kila mwaka, takwimu zikaonekana salama, na mto ukamkaukia.


JABALI LA KUSINI

Nina swali dogo la mwisho. Mtu anayesafiri siku moja kupita sehemu zote tatu avae nini?


MZEE WA NJIA

Vaa kwa tabaka, ndugu. Nguo ya ndani isiyoshika jasho, sweta, na koti la juu lisilopitisha maji wala upepo. Pwani utavaa koti kwa sababu ya ukungu, mlimani utavaa vyote, jangwani mchana utavua hadi ya ndani na kuvaa kofia, na jua likizama utavirudisha vyote haraka. Beba maji mengi zaidi upande wa pili wa mlima, kwa sababu jasho linakauka kabla hujaliona na unajidanganya kwamba hutoki jasho.


KIPIMAJOTO

Wakuu, nimerudi. Nilivipima vipimajoto pamoja siku nzima mezani, vilikubaliana. Nikavitundika. Usiku mbili za kwanza kulikuwa na mawingu, tofauti haikuzidi nyuzi 1, nikaanza kuwa na wasiwasi.

Usiku wa tatu mbingu ikafunguka, nyota mpaka ukingoni, hakuna upepo hata wa kutikisa jani. Niliamka saa kumi na moja alfajiri. Bustanini: nyuzi 1 chini ya sifuri. Nikapanda kwa jirani na tochi. Nilipofika kama katikati ya mteremko nilihisi usoni, kabla hata ya kusoma chochote, kama nimetoka majini. Kule juu: nyuzi 4.

Jirani alikuwa amewasha jiko lake. Moshi ulitoka kwenye bomba, ukateremka badala ya kupanda, ukafika juu ya bustani yangu na kutandaa pale kama shuka, tambarare kabisa. Nikauona ukingo wa lile bakuli kwa macho yangu.

Amenipa kipande cha mteremko, mita 10 kwa 15. Wiki ijayo napanda.